Kushoto kwa Mama Tumaini

Usiku ule usingizi ulinipitia nikiwa mezani, hedifoni masikioni, kompyuta inawaka mbele yangu, na Tumaini anasema neno moja tu: "kitambaa". Anasema, ananyamaza, anasema tena. Nilikuwa nimeliweka lijirudie ili nilisikilize vizuri, nijue nilikate wapi. Tumaini mwenyewe tulikuwa tumeshamzika. Mvua za masika zilikuwa zimeshaotesha majani juu ya kaburi lake, na mimi nilikuwa bado namlazimisha aongee.

Ngoja nimweleze kwanza, maana hii ndoto haieleweki kama humjui aliyekuja.

Tumaini alikuwa rafiki yangu, na alikuwa mtu wa kazi nyingi mno. Alirap, aliigiza, aliandika, alishika kamera, aliongoza, na siku fundi asipotokea alishika hata nyundo akapigilia seti mwenyewe. Mimi ni mhariri wa picha. Yeye alikuwa anapiga, mimi nakata na kuunga, ndiyo maana akanipachika jina la Mkasi. Jina likashika hadi wauza vocha wa mtaani kwetu hapa Morogoro wananiita Dada Mkasi, na jina nililobatizwa nadhani limebaki kanisani.

Nyimbo zake hazikupigwa redioni hata siku moja. Zilirekodiwa Mwembesongo, kwenye chumba nyuma ya saluni, kuta zimebandikwa trei za mayai na godoro limesimamishwa mlangoni kuzuia kelele za mashine za kukaushia nywele. Kutoka hapo zilisambaa kwa flashi na kwa simu, kijiwe hadi kijiwe. Andagraundi, kama wenyewe wanavyosema. Filamu zake nazo zilikuwa hivyo hivyo, hakuna kampuni iliyozigusa. Waigizaji walikuwa majirani, waliovaa nguo zao wenyewe na waliogombana kwenye picha kwa ugomvi wao wenyewe. Afande katika filamu zote ni Shomari, mwenye kibanda umiza cha kuonyeshea video kule Chamwino, kwa sababu Shomari ndiye peke yake aliyekuwa na buti nyeusi. Ukizitazama zote mfululizo utadhani mji huu una askari mmoja tu, tena mwenye kitambi.

Watu walikuwa wanamwuliza kwa nini haendi Dar kutafuta jina. Alikuwa anacheka. "Nikienda, mama atatazama picha na nani?" Wengi walidhani ni utani. Haukuwa utani.

Mama Tumaini alikuwa fundi cherehani. Presha ya macho ilimwanza mama huyo wakati Tumaini akiwa bado shule ya msingi, nuru ikapungua taratibu mpaka ikaisha. Jioni walikuwa wanakwenda kwa jirani kutazama televisheni, na Tumaini akawa anamsimulia mama yake kila kinachotokea. Huyu kaingia. Huyu kanuna. Huyu anadanganya, maana anaangalia pembeni. Mwanzoni wenye nyumba walimfokea anyamaze. Baadaye wakaanza kupunguza sauti ya televisheni ili wamsikie yeye. Hapo ndipo kazi yake yote ilipoanzia, muziki na filamu na vyote, na alikuwa anasema hivyo hadharani bila aibu.

Alipokua, Shomari akampa maiki kibandani awe anatafsiri muvi za Kichina. Kichina alikuwa hajui hata salamu. Lakini kibanda kilikuwa kinafurika. Siku moja wapiganaji wawili walikatana mapanga mlimani, kwa kisasi gani mimi sijui, na Tumaini akatangaza kwamba wanagombania zamu ya kuchota maji. Kibanda kizima kikachukua upande. Mama yake alikuwa amekaa benchi la mbele, anacheka mpaka anajifuta machozi na kanga.

Filamu yake ya mwisho ilikuwa ya fundi cherehani anayepoteza macho. Haihitaji kusemwa ni nani. Ndani yake kuna vipande virefu vya kimya: mikono, sindano, mlango, kitambaa kinachoteleza mezani. Na kabla ya kila kipande, kwenye sauti ya kamera, unamsikia Tumaini akituambia, "Hapa msiseme kitu. Hapa nitasimulia mwenyewe." Hakuwahi kusimulia. Kifua kilimbana, akalazwa, tukampelekea uji na maneno ya mzaha, tukijua atatoka. Hakutoka.

Arobaini ilipokaribia, mama yake alituita mimi na Shomari. Alikuwa amekaa wima kwenye kiti cha cherehani, mikono magotini. Akasema hataki shughuli kubwa, hataki maneno mengi. "Nataka kuiona picha ya mwisho ya mwanangu," akasema. "Hilo tu." Alisema kuiona, kama alivyosema siku zote, na mimi na Shomari tukaitikia kwa pamoja kama wanafunzi. Ndiyo, mama. Utaiona.

Tulipotoka nje Shomari akaniuliza, "Ataionaje sasa?" Nikamwambia sijui. Akasema kuna mchekeshaji kule Msamvu anaiga sauti ya mtu yeyote, tumpe maneno amwige Tumaini. Nilimjia juu. Nilimwambia yule mama atamjua mtu wa uongo hata akikohoa, na tukimfanyia hivyo tusionane tena. Shomari akavuta kofia yake usoni akaondoka bila kuaga. Halafu nikaja na wazo langu mimi, na nikaliona ni la maana sana.

Nilikuwa na sauti yake. Nilikuwa nayo nyingi kuliko mtu yeyote duniani: nyimbo zote, mikanda ya kibandani, jumbe za sauti kwenye simu, kelele zake za "kata!" na "tena!" Nikasema nitaiunga. Nitachukua neno hapa na neno pale mpaka nimpatie sentensi. "Mama" nililitoa kwenye wimbo, limeimbwa kwa hasira. "Alikaa" lilitoka kwa mfalme wa Kichina aliyemtafsiri kibandani. "Hapa" lilikuwa kwenye ujumbe wa simu, anamwelekeza mtu wa bodaboda. Kila siku nilikuwa najiambia mshono hauonekani, na kila siku nikisikiliza upya nasikia mtu anayepiga kelele, ananong'ona, na kukohoa katika sentensi moja. Sikukata tamaa. Nilikuwa nimelemewa na huzuni, na mtu akilemewa hivyo anashika kazi yoyote asiiachie.

Ndivyo usiku ule ulivyonikuta. Kitambaa, kitambaa, kitambaa.

Halafu chini ya neno lile nikasikia cherehani.

Nilidhani ni kwenye rekodi. Nikavua hedifoni, nikaziweka mezani, na cherehani ikaendelea. Nikageuka. Kwenye kona ya chumba changu, pale ninapoanika taulo, Tumaini alikuwa amekaa anakanyaga cherehani ya mama yake. Alikuwa amevaa lile koti lake la kahawia, lenye kiwiko kilichochanika, ambalo mama yake alimsihi miaka mingi amletee alishone kwa kupapasa, na yeye akawa anasema kesho. Sikuogopa. Nakumbuka nilichukia kidogo kwamba ameingia bila kubisha hodi.

Alikuwa anashona shati. Mkono mmoja mwekundu, mkono wa pili wa madoadoa, kola ya kaki kama sare ya shule. Akakata uzi kwa meno, akasimama, akalivaa juu ya koti. Mkono mmoja ulimfika kwenye kiwiko, mwingine ukampita vidole. Akajitazama juu mpaka chini.

"Umenikata vibaya, Mkasi."

Nikamjibu. Hata ndotoni mimi sikubali kusemwa kazi yangu. Nikamwambia wewe ndiye uliyeondoka bila kurekodi, ungesimulia siku ile ile tulipopiga picha nisingehangaika hivi, nimelala mezani kwa ajili yako, shingo inaniuma. Nilisema mengi. Yeye alikuwa anajaribu kufunga vifungo, na kila kifungo kilikuwa hakina tundu lake. Mwisho akalivua shati, akalikunja vizuri, akaliweka juu ya kompyuta yangu. Akafungua mlango.

Mlango wangu unatokea uani. Lakini tukatoka na ua haukuwepo. Tunasukuma godoro, na nyuma ya godoro ni kile chumba cha Mwembesongo, trei za mayai ukutani mpaka darini. Harufu ya mafuta ya nywele inapenya kutoka saluni. Tumaini anasimama mbele ya maiki ile ya zamani iliyofungwa kwa utepe, anaweka mkono sikioni kama alivyokuwa anafanya, anatingisha kichwa akihesabu mapigo, anafungua kinywa.

Hakitoki kitu.

Naona mishipa ya shingo inavyokaza. Naona mate. Anarap kwa nguvu zake zote, mwili mzima unakwenda, na chumba kiko kimya. Akasimama. Akajipapasa koo, akajipapasa mifuko ya koti, mmoja baada ya mwingine, kama mtu aliyesahau ufunguo. Halafu akanyanyua mabega, akanitazama, akacheka kicheko kisichosikika. Mimi nikaanza kulia. Nilikuwa sijalia sawasawa tangu msibani, nilikuwa na kazi.

Alisogea ukutani akabandua trei moja. Nyuma yake kulikuwa na mwanga. Akabandua nyingine, na nyingine, na sasa ukuta haupo, tumesimama kibandani kwa Shomari.

Watu wamejaa. Shomari yuko mlangoni na sare ya uaskari na buti zake nyeusi, anapuliza filimbi, anawapanga wanaoingia. Majirani wote niliowahi kuwakata kwenye filamu wapo, hata wale niliowaondoa kabisa, na hao wananitazama kwa jicho la kunidai. Shuka jeupe limetundikwa mbele. Mama Tumaini amekaa benchi la kwanza, kanga mbili, viatu vyake vya kanisani. Mimi nina flashi mkononi na najua ndani yake kuna nini. Najua, na bado naichomeka.

Picha inaanza. Mikono ya fundi juu ya kitambaa. Na ile sauti yake niliyoiunga inatoka kwenye spika: "Mama alikaa hapa akishona." Mungu wangu, ilikuwa imetoka vizuri! Haina mshono hata mmoja. Ni yeye mtupu, ni Tumaini anaongea polepole na kwa upendo, vile ambavyo kwa kweli hakuwahi kuongea maana alikuwa mtu wa mbio. Watu wanaanza kulia mabenchini. Nikajaa fahari. Nikamgeukia kumwonyesha, kwamba unaona?

Hakuwa anatazama picha. Alikuwa anamtazama mama yake.

Mama Tumaini amegeuza uso upande wa kushoto. Amenyanyua mkono. Anaunyoosha hewani, vidole vimetawanyika, anatafuta mahali sauti inapotoka. Anatabasamu. Hilo ndilo lililonimaliza, kwamba anatabasamu. Mkono haukupata kitu, ukashuka kwenye benchi, ukapapasa mbao taratibu mpaka mwisho wa benchi, ukapapasa ukuta, ukarudi.

"Tumaini?" akaita. "Baba? Mbona umekaa mbali?"

Spika ikaendelea kusema. Yeye akaendelea kupapasa.

Nikamshika Tumaini koti. "Nenda! Si uko hapa? Nenda umshike mkono!" Akapiga hatua. Akapiga nyingine. Miguu inakwenda na yeye yuko palepale, hasogei, kama picha inapokwama na sauti ikatangulia. Akaacha kujaribu. Akaniinamia sikioni, na safari hii namsikia vizuri, na ni sauti yake kweli, yenye mikwaruzo, ya haraka.

"Akinisikia atanitafuta," akasema. "Usimfanye anitafute."

Nikachomoa flashi.

Kibanda kikanyamaza. Shuka likabaki jeupe. Mama Tumaini amebaki na mkono umesimama hewani, na tabasamu limeanza kumtoka, na mimi siwezi kuvumilia kuliona likitoka. Nikachukua maiki mezani, ile maiki yake ya kutafsiria, nikamsukumia mkononi. Akanirudishia. Nikampa tena kwa nguvu. Akanirudishia tena. Tulikuwa kama wageni wawili kwenye sinia wanaosukumiana mnofu wa mwisho, na watu wote wanatutazama.

"Mimi leo nimekuja kutazama," akasema.

Akaenda zake nyuma. Benchi la mwisho kabisa, ambalo katika uhai wake hakuwahi kulikalia, maana siku zote alikuwa mbele na maiki. Watu wakasogea wakampa nafasi. Akakunja mikono kifuani, akafumba macho, akayabana kabisa kama mtoto aliyeambiwa akichungulia hatapewa zawadi.

"Haya," akasema. "Nisimulie."

Nikasema siwezi. Nikasema mimi kazi yangu ni kuondoa maneno ya watu, siyo kuyasema. Nikasema mimi hata kwenye harusi ya dada yangu nilipewa maiki nikasema asanteni nikakaa. Mtu mmoja akapiga mluzi, ule mluzi wa kibandani picha ikigoma. Mwingine akaitikia kwa mluzi wake. Sijui ni kwa aibu au ni kwa kile kiganja kilichosimama hewani, nikafungua kinywa.

"Kuna chumba," nikasema.

Mtu akacheka. Ni kweli ilikuwa vibaya.

"Rangi gani?" Tumaini akauliza kutoka nyuma, macho amefumba.

"Bluu. Bluu, ila imebanduka karibu na dirisha." Na kwenye shuka bluu ikaja, na dirisha. "Kuna meza. Imewekewa gazeti chini ya mguu mmoja, ilikuwa inacheza." Meza ikaja. "Mama yuko mezani. Ana miwani ameipandisha kichwani, haimsaidii tena, ila hajazoea kukaa bila nayo. Anapima kitambaa kwa shibiri. Sasa anatafuta mkasi, na mkasi uko mbele yake kabisa, karibu na mkono wake, na mwanawe amesimama mlangoni anauona, na hasemi, kwa sababu anajua mama akiupata mwenyewe atafurahi." Hilo sikulitunga. Liko kwenye picha, na nilikuwa nimelitazama wiki nzima bila kujua kwamba nimeliona. "Ameupata," nikasema. Kibanda kikashusha pumzi.

Nikaendelea. Sikuwa mzuri, nilikuwa narudia maneno, nilikuwa nasema halafu halafu halafu. Lakini kila nilichokitaja kilikuja, na nikinyamaza shuka linafifia, kwa hiyo sikunyamaza.

Nikahisi navutwa mkono wa blauzi. Tumaini amekuja mbele; hapo hakuna kilichomzuia. Kumbe nilikuwa nimeshakaa kwenye benchi, kulia kwa mama yake, nasimulia. Akaninyanyua kwa kiwiko, kwa adabu, kama anavyohamishwa mgeni aliyekaa penye jua. Akanipitisha mbele ya magoti ya mama, akanikalisha upande wa pili.

"Huku," akasema.

"Huku kuna nini?" nikamwuliza. Alikuwa ameshaondoka.

Na ule mkono wa Mama Tumaini, uliokuwa umesimama muda wote ule, ukashuka. Ulitua begani kwangu. Ulikuwa mzito, na una joto, na una harufu ya mafuta ya cherehani. Haukupapasa tena. Nikageuka nyuma haraka ili Tumaini aone, nimwambie tazama, umetua. Mabenchi yote yalikuwa yamejaa watu waliofumba macho, wote wamekunja mikono, wote wanasikiliza, na katikati yao sikuweza kujua yeye ni yupi.

Niliamka.

Shavu langu lilikuwa juu ya kibodi. Hedifoni zilikuwa mezani, na kwa mbali, kwa sauti ndogo kabisa, zilikuwa bado zinasema kitambaa, kitambaa. Nikazima. Nje kulikuwa kumepambazuka, jirani anafagia uani, milima ya Uluguru imefunikwa na mawingu mpaka kiunoni. Nikatazama kona ninayoanika taulo. Kulikuwa na taulo.

Sikufuta sauti ya Tumaini. Ile ya kwenye nyimbo ninayo, ya kibandani ninayo, na siku moja nitaisikiliza kwa raha. Nilichokiondoa ni ile sauti niliyomtengenezea. Niliitoa kwenye filamu kipande kwa kipande, na vile vipande vyake vya kimya vikarudi kuwa kimya, virefu, vinangoja mtu. Nikaitazama filamu yote hivyo, mwanzo mpaka mwisho. Nikalia vizuri sasa, bila kuharakisha.

Halafu nikampigia mama yake.

"Shikamoo mama."

"Marahaba mwanangu. Mbona mapema hivyo, kuna usalama?"

"Usalama upo. Mama, filamu imekamilika." Nikavuta pumzi. Hili ndilo nililoliogopa. "Ila sauti ya Tumaini haimo. Pale alipotaka kusimulia, hayupo. Nilijaribu, mama. Nimeshindwa."

Nikasikia kitu cha chuma kinawekwa mezani.

"Afadhali," akasema. "Nilikuwa namwomba Mungu mshindwe. Nilijua ninyi watu wa mitambo mtaitafuta tu. Na mimi nikiisikia, mwanangu, nitafanyaje? Mbele za watu?"

Nilikuwa namwona na mkono wake hewani.

"Sasa nani atanisimulia?" akauliza, na sauti yake ilikuwa ya kawaida, ya mtu anayeuliza nani atapika.

"Mimi, mama. Ila sijui."

"Hata yeye alikuwa hajui. Alikuwa anasema anachokiona, basi." Nikamsikia anavuta kiti. "Uje kibandani mapema, kabla Shomari hajajaza watu. Na ukae kushoto kwangu. Sikio la kulia halisikii siku nyingi. Sikumwambia mtu, wasije wakasema na masikio nayo. Alikuwa anajua yeye tu."

Nimewatazama wale wawili wakikaa hivyo, mwana kushoto kwa mama, miaka na miaka. Labda macho yangu yalishaliona jambo hilo yakalitunza, mimi nikawa sina habari. Labda. Sina haja ya kubishana na ndoto.

"Najua, mama," nikasema. "Ameshanikalisha huko."

Nilimsikia anapumua. Hakuniuliza lini, wala vipi, wala kama nina akili timamu. Nikamsikia anaibana simu sikioni vizuri zaidi.

"Alikuwa amevaa nini?" akauliza.

"Koti la kahawia, mama."

"Lile la kiwiko?"

"Lile lile."

"Hajalishona bado?"

"Bado."

Akaguna, lile guno la mafundi wakiona kazi mbaya, na katikati ya guno sauti ikamkatika kidogo. Kisha akajikohoza.

"Haya," akasema. "Anza mwanzo. Usiruke kitu."

Nikavuta kiti karibu na dirisha, nikaishika simu kwa mikono miwili. "Kuna chumba, mama," nikasema. "Ni changu. Na kwenye kona kuna cherehani yako."